Jina la Kuitiwa Chakula

Mimi kwenye kilio silii. Ndugu zako wakulie, mimi nitawachekesha. Shituru nzima, kambi yetu ya shaba, imeshaniita mtu asiye na haya, tangu nikiwa binti, na bado mtu akifa mlango wa kwanza kugongwa ni wangu. "Mama Gertrude, tafazali, kuya!" Nakwenda, kwa nini nisiende? Nakwenda na mdomo wangu wote.

Mambo yenyewe ni haya. Sisi wa ukoo wa Mbuzi ni watani wa ukoo wa Chui. Chui hula mbuzi, basi mbuzi ana haki ya kumtukana chui mpaka mwisho wa dunia, na chui akinuna, aibu ni yake. Na chui akifa, mbuzi ndiye anayemvaa. Navaa nguo za marehemu, natembea kama alivyotembea, nakohoa kama alivyokohoa, nafanya kazi yake mbele ya wote. Watu wanacheka hadi wanashika mbavu, na katikati ya kicheko ndipo machozi ya kweli yanapotoka. Halafu naketi chini na kofia yake kichwani, nagoma. Siinuki mpaka ndugu yake wa ukoo alitaje jina lake. Si lolote, ni lile ambalo mke wake alimwitia chakula. Likitajwa, navua, narudisha, marehemu anakwenda zake kwa amani. Lisipotajwa, hajaagwa.

Nimewavaa wengi katika kambi ile ya wafanyakazi. Nimemvaa dereva wa kreni, nimemvaa mpishi wa Wazungu, nimemvaa hata mwalimu wa katekisimu aliyekuwa akijikuna huku akisali. Nakwambia jambo moja nililojifunza: mtu ataficha siri zake zote, lakini mgongo wake hauwezi kuificha kazi yake. Kazi inamkunja. Basi mimi humvika ile kazi, halafu namvua, ili tuone nani amebaki. Wengine nikiwavua kazi sikuti mtu ndani, nami nasema hivyo hivyo mbele ya watoto wao. Kwani utani ni nini?

Sasa, mwaka ule Chama, kile kimoja kilichotawala nchi nzima, kilituvua majina. Tulibatizwa na mapadri, tukaitwa Georgette, tukaitwa Hilaire, asubuhi moja redio ikasema majina hayo ni ya wakoloni, kila mtu arudi kwenye asili, achukue jina la mababu. Haya, mababu tunawapenda. Lakini babu yangu mimi hakuniuliza. Aliniuliza karani dirishani, na foleni nyuma yangu ilikuwa ndefu, nikataja la kwanza lililokuja mdomoni. Na kila mtu akawa Citoyen, raia kwa Kifaransa, mke na mume, mkubwa na mdogo. Citoyen huku, Citoyenne kule, na Jumamosi wote uwanjani kucheza ngoma za Chama, kupiga makofi na kukata kiuno kwa ajili ya wakubwa. Nilicheza na mimi. Ungekataa, nyumba ilikuwa ya kampuni.

Shefu wa kambi yetu, mkubwa wetu sote, alikuwa Dominique. Samahani, Citoyen Kyembe. Alizaliwa kwa wavuvi wa Lufira, kwenye ziwa la Mwadingusha, mama yake mzazi alikuwa wa ukoo wa Chui, na kwetu ukoo hupita kwa mama. Zamani nilikuwa nikimkuta njiani namwambia, "Dominique, weye Chui bila meno," naye anacheka, ananijibu, "Mbuzi, leo nitakupika na majani ya sombe." Tangu avae ile suti ya Chama iliyofungwa vifungo mpaka kooni, hakucheka tena. Kola ilimbana.

Basi akafa Symphorien.

Symphorien alikuwa Chui naye, jirani yangu mlango kwa mlango. Alifanya kazi kwenye matangi ya asidi, pale shaba inapokua juu ya mabamba ndani ya maji makali. Kati ya matangi kuna mbao nyembamba za kupitia, na yeye alizipita ujana wake wote na uzee wake wote, mguu mmoja mbele ya mwingine. Miguu ikazoea. Hata kwenye barabara pana, hata akienda kupokea komunyo, Symphorien alitembea juu ya ubao ambao mwingine hauoni. Na alikuwa akigonga vitu. Kule kazini waligonga bamba kwa nyundo ndogo, wakasikiliza, ili lile ganda la shaba liachie. Nyumbani akagonga sufuria ya bukari, ugali wetu, akagonga mkate, akagonga kichwa cha mtoto, anasikiliza. Na kabla ya kumgusa mkewe alinawa mikono, akanawa tena, akainusa, akanawa tena. Mimi dirishani kwangu nilikuwa nikiyaona hayo na kumcheka. Nilimpenda sana yule mzee, niseme nini zaidi.

Kifua kilimchukua, siku chache tu. Mkewe Georgette, anayeniita Yaya, dada mkubwa, akanishika mkono: "Yaya, utamuvaa?" Nikamwambia, "Nitamuvaa mpaka yeye mwenyewe acheke."

Siku ya maziko lori lilileta masanduku mawili kutoka chumba cha maiti, la kwetu na la watu wa Panda, kambi nyingine. Yote mawili yamepigiliwa misumari, yote ya mbao zile zile. Mtu mmoja wa Chama akasimama katikati ya makaburi akapaza sauti: "Familia ya Citoyen Kapya, huku! Familia ya Citoyen Mwaba, kule!"

Tukatazamana. Watu wa Panda nao wakatazamana. Nani alikuwa Kapya? Symphorien alikwenda dirishani siku moja baada ya zamu, akarudi na jina jipya, akamwambia mkewe, wakacheka wote wawili, wakalisahau hapo hapo mezani. Nyumbani alikuwa Symphorien. Kazini alikuwa namba. Lile la tatu hakuna aliyewahi kulitumia. "Haraka, haraka!" anasema yule mtu. Georgette, amechoka, macho yamevimba, akasema, "Kapya. Nazani ni Kapya." Tukafuata sanduku la Kapya. Na mimi nikafuata, mimi ninayejua mgongo wa kila mtu. Ndani ya sanduku mgongo hauonekani. Tukalia. Georgette alijitupa juu ya ule udongo, akalia mpaka sauti ikakatika.

Tunajipangusa vumbi, huyo anakuja Étienne, seremala wa kambi, aliyetengeneza sanduku la Symphorien. Alikuwa kazini, amekuja mbio. Akatazama, akakunja uso.

"Mbona munalia huku? Sanduku yangu iko kule. Nilitia kamba za kushikia, nilikosa vyuma. Nimeipita pale chini, nikaona bantu sibajue banaizika."

Mayo! Tulikimbia. Wale wa Panda walikuwa wamekwisha kufukia, wamekwisha kuondoka, wamechomeka tawi. Yule tuliyemlilia alikuwa wao, na wao wakamlilia wetu. Georgette akasimama mbele ya lile tuta, akajaribu kulia, hakuna kitu. Alikuwa amemwaga yote kwa mume wa mwingine.

"Yaya," akaniambia, "bwana yangu alizikwa na bantu benye habamujue. Alikwenda sawa muzigo. Minye sina machozi tena."

Akarudi nyumbani akaketi kwenye mkeka, hasemi, hali, halii. Watoto walimletea uji ukapoa mbele yake. Nilijua dawa yake ni moja tu, nayo ni kazi yangu. Huyu mtu lazima avaliwe, lazima jina litajwe, la sivyo mwanamke huyu atakauka hapo hapo.

Asubuhi yake nimeshajiandaa, anaingia Citoyen Kyembe na wasaidizi wake. Nyumba ya Georgette ilitazamana na uwanja wa mpira, na kesho yake, Jumamosi, ujumbe kutoka Kinshasa ungekuja kutazama ngoma.

"Kilio kinaisha leo," akasema. "Uwanja unapashwa kuwa propre, safi. Na nguo za kazi za marehemu ni mali ya kampuni. Leteni."

Tulimpa salopeti, lile vazi la bluu lililojaa matundu ya asidi. Akauliza, na kofia ngumu iko wapi? Georgette akajiweka vizuri mkekani. Kofia alikuwa ameikalia, chini ya kitenge chake. Mjane aliyeketi mkekani haambiwi ainuke, hilo hata suti ya Chama inalijua. Kyembe akazungukazunguka, akakohoa, akanigeukia mimi.

"Na weye, Citoyenne. Hakuna mambo ya kuigaiga hapa. Kesho utatuchezea uwanjani ule mchezo wa Mfanyakazi Mwenye Furaha, peke yako, mbele ya ujumbe, kama nilivyokuambia. Lile jina la kizungu la marehemu likitajwa kwenye hii kambi, Mathieu hana kazi, na nyumba munatoka. C'est compris?"

Mathieu ni mume wangu.

"Weye ni Chui," nikamwambia. "Symphorien ni Chui. Ni weye, njo weye unapashwa kutaja jina yake. Mama yako angekuwa hapa angekupiga na mwiko."

"Minye," akasema, "ni Citoyen." Akaondoka na salopeti ya maiti kwapani.

Nilirudi kwangu nimefura. Mathieu alikuwa anashona kiatu, hakuinua uso. Kuta zile ni nyembamba, alikuwa amesikia kila neno.

"Mdomo uliponza kichwa," akasema.

"Kichwa changu."

"Na changu. Nikikukataza, utanisikia?"

"Hapana."

Akavuta uzi, akaukata kwa meno. "Basi usivae viatu vyako kesho, vinapiga kelele. Symphorien alitembea kimya." Akanisukumia kile kiatu alichokuwa akishona. Kilikuwa cha Symphorien, soli imeliwa upande mmoja. Huyo ndiye mume niliyeolewa naye, sitafuti mwingine.

Jumamosi uwanja ulijaa. Wakubwa walikaa kivulini, kwenye viti vilivyotolewa kanisani, katikati yao mtu mnene mpole kutoka Kinshasa asiyejua Kiswahili zaidi ya jambo na asante. Wanawake wakacheza, vitenge vimechapwa mwenge wa Chama mbele na nyuma. Wakaimba, wakashukuru, wakashukuru tena. Halafu Kyembe mwenyewe akatangaza kwa kipaza sauti: "Mfanyakazi Mwenye Furaha!"

Nikatoka. Miguuni viatu vya Symphorien, mwilini, juu ya kitenge changu, koti la suti ya Chama nililolichukua kwenye sanduku la nguo za kikundi, kichwani kofia ngumu yenye namba. Georgette alikuwa mlangoni kwake juu ya mkeka, hatua chache kutoka mstari wa uwanja. Nilipomwomba kofia alikuwa ameinuka mwenyewe akanipa.

Nikapanda ubao. Katikati ya uwanja ule mpana wa vumbi, mguu mmoja mbele ya mwingine, mikono imeachana kidogo na mbavu, macho chini. Sikufika mbali. Nikasikia mwanaume mmoja wa matangini akipiga ukelele, "Aka! Njo yeye, yeye mwenyewe!" na kicheko kikalipuka kuanzia upande wa wafanyakazi. Nikachutama, nikainua bamba, nikaligonga, nikasikiliza. Nikagonga kiti cha mkubwa mmoja, nikasikiliza. Nikamgonga Kyembe kifuani, kwenye vifungo, nikasikiliza sana, nikatikisa kichwa: ganda halijaachia. Watu walilala chini kwa kucheka. Yule wa Kinshasa alicheka naye, akapiga makofi. Mfanyakazi mwenye furaha kweli!

Nikavua kofia, nikaonyesha namba. "Huyu nani?"

"Namba!" wakajibu.

Nikavua koti la Chama, nikaliinua kwa vidole viwili. "Na huyu nani?"

Hakuna aliyemjua. Jina lile la Chama lilikuwa limeitwa mara moja tu, makaburini, na hata hapo liliwapoteza wenyewe. Nikaliacha koti likaanguka vumbini. Kyembe akasogea hatua moja.

Sasa nilibaki na kitenge changu na viatu vyake. Nikaenda kwenye ndoo ya Georgette pale mlangoni, nikanawa mikono. Nikanawa tena. Nikainusa, nikakunja pua, nikanawa tena. Kicheko kikaanza kupungua. Nikapiga magoti mbele ya Georgette, nikaweka mkono kwenye shavu lake, taratibu, kwa upande wa nyuma wa vidole, kwa sababu upande wa mbele wa mkono wa Symphorien ulikuwa umeliwa na asidi na aliogopa kumkwaruza. Hilo nililiona mara nyingi dirishani, na sikuwahi kumcheka kwalo. Georgette akaulalia mkono ule. Lakini hakulia.

Nikarudi katikati ya uwanja, nikavaa kofia, nikaketi chini vumbini, nikakunja miguu. Nikagoma.

Kila mtu wa Shituru alijua maana yake. Kicheko kikafa. Kyembe akanijia mbio, akainama, tabasamu kwa wageni, meno kwangu.

"Inuka! Inuka, weye mwanamuke!"

"Simusikie Chui akisema chini chini," nikajibu kwa sauti. "Mbuzi anangoja jina."

"Utaona. Utaniona."

"Nakuona. Nataka kukusikia."

Yule wa Kinshasa akauliza kwa Kifaransa, kwa nini mama huyu ameketi, mchezo umekwisha? Kyembe jasho linamtoka kwenye kola. Angesema nini? Akasema ni mambo madogo tu, desturi ya watu wa hapa, mtani wa marehemu haondoki mpaka ndugu ataje jina.

"Desturi ya mababu?" Yule mtu mnene akasimama kabisa, uso umeng'aa. "Lakini ndiyo hiyo! Ndiyo asili yetu hiyo tunayoitafuta! Na ndugu ni nani?"

Watu wote, wanaume na wanawake, wakamnyooshea kidole Kyembe. Hakuna aliyewaambia.

"Basi, Citoyen, taja! Usiwaonee haya mababu zako!"

Ningeweza kumhurumia. Sikumhurumia. Alinitazama, akatazama viti, akatazama mlango wa Georgette. Ile sura ya Chama ikaanza kumtoka, nikamwona yule mtoto wa wavuvi wa Lufira niliyekuwa nikimtukana njiani. Akainama sikioni mwangu akanong'ona.

"Sisikie," nikasema. "Na yeye eko mbali kuliko minye. Alizikwa kule chini, na bantu benye habamujue. Sema asikie."

Akanyooka. Akafungua kifungo cha juu.

"Symphorien!" akaita. Sauti ilikatika katikati. Akaita tena, safari hii kwa kifua chote, kama mtu anayeita ng'ambo ya ziwa. "Symphorien! Ndugu yangu! Symphorien, kuya kula!"

Na Georgette akaitikia. Sijui ilikuwa sauti gani ile, ilianzia tumboni. Akainuka kwenye mkeka wake, akaingia uwanjani mikono kichwani, akamlilia mumewe, mumewe mwenyewe, si wa mwingine. Wanawake wa ngoma wakavunja mstari wakamfuata na vitenge vyao vya mwenge, wanaume wa matangini wakavua kofia, na jina lile lililokatazwa likaitwa pale uwanjani kutoka kila kona mpaka likachoka. Yule wa Kinshasa alipiga makofi tu, maskini, akadhani ni mwisho wa mchezo. Nami nikainuka, nikavua kofia, nikampa Georgette mkononi. Nikajificha nyuma ya ukuta wa choo nikalia. Nimesema silii kwenye kilio. Pale palikuwa chooni.

Bila shaka walituadhibu. Kuna mtu alimfafanulia yule mgeni, kabla hajapanda gari, kuwa ule haukuwa mchezo na jina lile lilikuwa la mapadri, na makofi yakakoma. Wiki iliyofuata Mathieu hakuwa na kazi, na lori lilikuwa mlangoni kutupeleka Kambove kwa kaka yake, kitanda juu, masufuria juu, kuku miguu imefungwa. Kambi nzima ilitoka kutuaga. Georgette alisonga bukari ya safari, anakula na yeye, analia na kucheka wakati mmoja, kama inavyotakiwa.

Kyembe akaja. Yeye hawakumfukuza, walimpokonya kipaza sauti tu. Suti ilikuwa ile ile. Alisimama mbele ya lori, akawaambia watu warudi nyuma, akajifanya kukagua mizigo. Halafu akasogea karibu nami, anatazama kuku.

"Gertrude," akasema polepole. "Minye nikikufa, utakuya?"

"Nitakuya hata kwa miguu."

"Na utanivaa?"

"Nitakuvaa mpaka hiyo kola."

Akatazama kushoto, akatazama kulia. Watu wa Chama walikuwepo, kambi nzima ilikuwepo, wote wametega masikio. "Na ile siku," akanong'ona, "utawangoja waseme jina gani?"

Huyo naye! Jina analijua, mama yake alilipata kwa padri na akaliimba kando ya ziwa. Nilipanda lori, nikakaa juu ya kitanda changu, nikamwambia dereva awashe. Halafu nikavuta pumzi yote niliyokuwa nayo.

"Dominique!" nikapiga kelele, Shituru nzima isikie. "Dominique, toka njiani, unatufungia lori!"

Akatoka njiani. Alikuwa anacheka.